Kamera Iliyorudi Peke Yake

Binti wa binamu yangu Lubna ana maradhi ya filamu za mizuka. Zile za kawaida, zenye taa nzuri na muziki wa kutisha, hazimtoshi. Yeye anataka zile za kamera ya mkononi: picha inatikisika, mtu anakimbia huku anahema, halafu kamera inaanguka na maandishi yanakuja kusema kwamba waliokuwa wameishika hawakuonekana tena. Majuzi alinikalisha sebuleni, akaegemeza simu yake kwenye kopo la sukari, akaniambia, "Mama mdogo, hii utapiga kelele." Sikupiga. Baada ya dakika kumi niliinuka nikaenda jikoni kuosha vyombo vilivyokuwa safi tayari. Akanifuata akicheka, eti mtu mzima na watoto wake ameogopa mzuka wa bandia. Nilimwacha acheke. Mzuka wenyewe haukunishughulisha. Kilichoniinua ni pumzi ya yule aliyeshika kamera, mtu usiyemwona tangu mwanzo hadi mwisho lakini yuko karibu na sikio lako kuliko wote.

Maradhi hayo ameyarithi. Mamake, Lubna, alikuwa nayo kabla yake, enzi za dividii za kuazima, na ndiye aliyeniambukiza mimi nikiwa na miaka tisa. Kwao ni Kizingo, nyumba kubwa yenye miti mbele na geti la kufunguliwa na mlinzi. Saa nane mchana Lubna alifunga mapazia, akawasha kipoza hewa, akaliacha jua lote la Mombasa nje, tukakaa sakafuni na bakuli la bisi. Wenzangu wa umri wangu mtazikumbuka filamu zile. Tulikuwa tukiziita kanda za kuokotwa, na tuliziazima moja baada ya nyingine hadi diski zikachubuka na picha ikawa inakwama hapo hapo penye kutisha.

Wengine waliziogopa kisha wakazisahau. Mimi niliziamini, na ili mnielewe ni lazima niwaambie kazi ya wazazi wangu. Wote wawili walikuwa wapiga video wa harusi. Tulikaa Mji wa Kale, orofa ya pili, kwenye kichochoro kinachotokea Ndia Kuu. Baba alikwenda na wanaume msikitini kupiga nikahi. Mama alikwenda na wanawake kwenye kupamba, siku bibi harusi anapotolewa akaonwa, wanawake wamevua mabuibui na kuvaa walichokishona mwaka mzima, na mwanamume haruhusiwi hata kuchungulia. Kanda za mama baba hakupata kuziona maishani mwake. Mama alizikata na kuziunganisha mwenyewe nyuma ya pazia, na baba akitaka kuingia kuchukua chaja yake alikohoa kwanza, mama akazima, ndipo akaingia. Kuna siku alikohoa na kukohoa bila haja yoyote, kumsumbua tu, mpaka mama akamrushia kitambaa cha kufutia lenzi. Nyumba nzima ni mimi peke yangu niliyeruhusiwa kuziona nusu zote mbili za harusi, na nilijiona mtu mkubwa sana kwa ajili hiyo.

Kwa hivyo kichwani mwangu picha zilikuwa za namna mbili. Picha iliyotulia, isiyogongwa kiwiko na mtu, ilikuwa ya waigizaji, na waigizaji kazi yao ni kudanganya. Picha inayotikisika, yenye tarehe pembeni na mtu anayehema nyuma yake, ilikuwa ya kweli, kwa sababu zetu zote zilikuwa hivyo na zote zilikuwa za kweli. Bibi harusi aliyelia kwenye kanda ya mama alilia kweli. Mzee aliyesinzia kwenye kanda ya baba wakati wa hotuba alisinzia kweli, na familia yake ilikuja kuomba akatwe.

Baba alikuwa na taratibu zake. Kanda ikijaa aliitoa, akaandika jina la bwana harusi juu yake, kisha akatia mpya kabla hata ya kufunga begi. "Kamera hailali na ndaa," alikuwa akisema, kama anayelisha mtoto. Kanda mpya aliipeleka mbele kidogo akairudisha mwanzo, na kubonyeza kile kitufe cha kurudisha ilikuwa kazi yangu. Na kila kanda aliianza kwa kujipiga mwenyewe. Alinyoosha mkono, akaigeuza kamera usoni mwake, akasema, "Bismillahi. Arusi ya fulani bin fulani. Sauti moya, mbili, tatu." Akakonyeza. Kipande hicho kilikatwa kabla ya kazi kupelekwa kwa wenyewe, na kanda yenyewe ikatumiwa tena, kwa hivyo uso wake haukupata kukaa popote zaidi ya wiki moja.

Alifariki siku ya Ijumaa, akiwa kazini Malindi. Alimaliza kupiga nikahi, akawapiga mabwana wakila, akakaa kwenye kiti kivulini akaomba maji, na maji yalipofika alikuwa ameshakwenda zake. Ukoo wa mamake uko huko, akazikwa huko huko kabla ya magharibi. Wanaume wa kwetu walipanda gari wakamuwahi. Wanawake hawakwenda, maana kwetu mwanamke haendi kuzika, na mtoto wa kike wa miaka tisa haulizwi. Mimi nilikuwa Kizingo kwa Shangazi Zuhura, dadake baba na mamake Lubna, na hakuna aliyeniambia neno siku hiyo. Niliporudishwa nyumbani kesho yake nilikuta ngazi imejaa viatu, sebule imejaa wanawake, na juu ya meza ya kazi begi jeusi la kamera. Baba alikuwa ametoka na kamera, na kamera ilikuwa imerudi peke yake.

Mama aliingia eda. Miezi minne na siku kumi hakutoka nyumbani, hakutia wanja wala manukato, alivaa nguo nyeupe zisizo na hata ua moja. Hayo mimi niliyajua, kwetu ni jambo la kawaida. Nisilolijua ni kwamba mtu anaweza kukaa kitandani, macho wazi, na asiwepo. Wiki za kwanza nyumba ilikuwa na watu. Kisha watu wakarudi makwao, akabaki Shangazi Zuhura anayekuja asubuhi na kuondoka jioni, akipika, akifua, akipokea simu, akinipita kwenye ngazi na kapu mkononi bila kuniona. Siku nzima watu walinizungumza mbele yangu kana kwamba sipo. "Huyu naye?" wageni waliuliza, na Shangazi akajibu, "Huyu mtoto mdogo, hana habari." Nilikuwa na habari zote. Hakukuwa na mtu wa kumpa.

Mchana, baada ya shule, nilipelekwa Kizingo ili nisiwe miguuni mwa watu. Lubna alikuwa na miaka kumi na minne na hakujua afanye nini na mtoto aliyefiwa, akafanya alilokuwa akilifanya siku zote. Alifunga mapazia akatia diski.

"Waona itikisikavyo?" aliniambia. "Hii si ya kuigiza. Hawa ni watu wa kweli, walipotea. Kamera yao tu ndiyo iliyopatikana."

"Wenyewe wakaenda wapi?"

"Hawakwenda mahali. Wamo mumo humo ndani ya nyumba. Kwa mato hutawaona. Kamera ndiyo iwaonayo."

Alisema huku akitafuna bisi. Nadhani alikuwa ameshalisahau kabla ya kumeza. Mimi nililala nalo na kuamka nalo. Sikumwona baba amelala kwenye sanda. Sikuliona kaburi lake. Nilichokiona ni kwamba kamera imerudi bila mwenyewe, na filamu tatu nzima zilikuwa zimenieleza maana yake. Baba alikuwa mmoja wa wale waliopotea. Alikuwa nyumbani, anapita vyumbani, anakohoa penye pazia na hapati jibu, na sisi tulikuwa tunamtafuta kwa macho.

Jumamosi nikasema naumwa na tumbo, sitaki kwenda Kizingo. Shangazi alinipapasa kipaji, akanipa maji ya ndimu, na baada ya adhuhuri akajinyoosha kwenye kochi chini ya feni. Saa hizo Mji wa Kale wote hulala. Maduka ya Ndia Kuu huteremsha milango, hata paka hutafuta ngazi zenye baridi. Niliifungua zipu ya begi jino moja moja. Kamera ilikuwa nzito kuliko nilivyoikumbuka. Ndani mlikuwa na kanda, kama kawaida, na kwa kuwa baba hakufunga begi hata siku moja bila kutia kanda mpya, sikuwa na la kujiuliza. Nilibonyeza kitufe changu cha kurudisha mwanzo. Ilizunguka na kuzunguka, mlio wake ukawa mrefu mno kwa kanda mpya, nikakaa nimeikumbatia kifuani Shangazi asisikie. Ilipokoma nikabonyeza kitufe chekundu.

Niliendelea kuumwa na tumbo, nikapiga nyumba yetu kwa siku tatu. Nilipiga ngazi kutoka chini na kutoka juu. Nilipiga sebule, jikoni, mlango wa choo, meza ya kazi na kiti chake, darini kwenye kamba za nguo. Nilipofika kila mahali nilinong'ona, "Baba, uko hapa?" nikasubiri, kama walivyosubiri wale kwenye filamu, nikihesabu hadi ishirini. Kisha nikaingia uvunguni mwa kitanda changu kuitazama kanda kwenye kile kioo kidogo cha pembeni, nikitafuta kivuli. Siku ya kwanza kulipita kitu cheusi mlangoni, nikairudisha kanda nikitazame tena. Alikuwa paka wa jirani. Siku ya pili nilimwona amesimama nyuma ya mlango wa chumba cha kazi, mweupe, mrefu, mikono imeshuka. Nililia kwa furaha mle uvunguni. Nilipokimbia kutazama nikakuta kanzu yake kwenye msumari, imepigwa pasi, haijaguswa. Niliivuta nikaikalia. Siku ya tatu nilipiga chumba cha mama, ambacho nilikuwa nimekiacha mwisho, na kabla sijaingia uvunguni kutazama betri ikaisha.

Jioni ya siku hiyo hiyo Shangazi Zuhura alilipindua begi juu ya mkeka, chumbani kwa mama. Watu wa Malindi walikuwa wamepiga simu, kwa adabu sana, wakitoa pole tena kabla ya kuulizia kanda yao.

"Kitambaa hiki. Chaja hii. Kalamu," Shangazi alihesabu. "Kanda mbili, zote zingali kwenye nailoni. Yao iko wapi?"

"Alichukua tatu," mama alisema kutoka kitandani. Ilikuwa mara ya kwanza siku hiyo kusikia sauti yake.

"Basi ya tatu imo ndani ya kamera. Nipe niwapelekee, wahangaike nayo wenyewe."

"Hebu iwache, wifi. Nitaitazama mimi kwanza."

"Alhamisi waja kuichukua."

"Alhamisi haijafika." Mama akasema polepole, "Kanda zake zote zaanza na uso wake. Hii haijakatwa. Nangoja niwe na nguvu."

Nilikuwa nimesimama karibu na kabati. Nakumbuka nililishika mlango wake. Baba hakupata nafasi ya kuitoa kanda ile na kuandika jina. Ilibaki ndani ya kamera, nami nikairudisha mwanzo kwa kidole changu mwenyewe, nikapiga ngazi na vyoo juu ya uso wake. Nilikuwa nimemtafuta nyumba nzima, na kila hatua niliyopiga nilikuwa namfuta.

Sikumwambia mtu. Ningemwambia nani? Kesho yake, badala ya kurudi moja kwa moja kutoka shule, nilikwenda kwa Yusufali. Duka lake lilikuwa nyuma ya Biashara Street, baina ya mawili ya leso, na aliuza redio, saa na kanda za kamera. Wazee wake walitoka Bara Hindi, yeye mwenyewe alizaliwa pale pale juu ya duka, na alikuwa sahibu wa baba wa miaka mingi. Nilimwamkia, akaitika, akanitolea kigoda.

"Mama hajambo?"

"Hajambo."

"Mwambie Yusufali hawezi kuja kumpa pole uso kwa uso, yuko edani, lakini kila sala namtaja. Na wewe wataka nini, binti?"

"Kanda ikipigwa juu ya nyingine," nikasema, "ile ya chini yaweza kurudi?"

Aliivua miwani yake. Nadhani alifikiri ni mchezo wa watoto, halafu akaniona vizuri akabadilika uso.

"Hapana chini, binti. Kanda ni moya tu. Kilichopita juu yake ndicho kilichoko."

"Hata kidogo?"

"Hata kidogo. Babako angekwambia vivyo hivyo." Akanipa kashata kwenye karatasi. Nilikwenda nayo mkononi hadi nyumbani ikayeyuka yote, na sikuila.

Siku ya Jumatano mama alioga mapema. Alibadilisha nguo yake nyeupe kwa nyingine nyeupe, akachana nywele, akamwambia Shangazi aende nyumbani kwake apumzike. Shangazi alishangaa, akatii. Baada ya adhuhuri tukabaki wawili. "Niletee kamera," mama akaniambia, nami nikaileta, nikasimama mlangoni nikishika pazia. Aliichomeka kwenye chaja, akaunganisha nyaya kwenye televisheni ndogo ya kazi bila hata kuzitazama, njano hapa, nyekundu pale, mikono yake ilijua. Akarudisha kanda mwanzo. Akajifunika ushungi vizuri, kana kwamba mgeni wa heshima anaingia, na nilipoona vile sikuweza tena.

"Mama, nimemfuta," nikasema. "Nilimfuta. Sikujua, nilidhani ni mpya."

Alinitazama bila kuelewa. Kidole chake kilikuwa kimeshabonyeza.

Ikatokea ngazi yetu. Inatikisika, inapanda, ukuta unakuja karibu na kwenda mbali, na nyuma yake pumzi za mtoto. "Baba, uko hapa?" Kimya. Ishirini nzima. Kisha jikoni, sufuria zimefunikwa. "Baba, uko hapa?" Nilingojea mama apige ukelele, au anipige mimi, ningependelea anipige. Hakufanya lolote. Alikaa ukingoni mwa kitanda, mikono mapajani, akaitazama nyumba yake chumba baada ya chumba, kanzu nyuma ya mlango, kiti kitupu, kamba za nguo. Nilianza kulia. "Nyamaza kwanza," akasema, si kwa ukali, alitaka kusikia.

Ikafika siku ya tatu. Pazia la chumba kile kile tulichokuwamo likasogea, na akaonekana mtu kitandani, mweupe mtupu, ameupa mlango mgongo, hatikisiki. Kwa nukta moja nilidhani nimempata. Kumbe ni mama. Kipande hicho sikuwa nimekitazama, na nilikuwa nimesahau kabisa kilichotokea pale, kwa hivyo nilikisikia mara ya kwanza pamoja naye.

"Mama," sauti yangu ilisema kwenye televisheni. Mtu yule hakugeuka.

"Mama." Kwa nguvu kidogo.

"Mama?"

Mara ya nne niliita kama anavyoita mtoto anayeota. Mgongo haukusogea hata unyoya. Kamera ikashuka, ikawekwa sakafuni nje ya mlango, ikawa inaonyesha ncha ya pazia na vigae, na sauti yangu ikasema, taratibu, kama mtu anayeandika jina juu ya kanda, "Baba hayuko. Mama pia hayuko."

Mama alisema, "Ya Rabbi." Akasema tena. Sikuwa nimewahi kumwona akiutazama mgongo wake mwenyewe, na sidhani wapo wengi waliowahi kupewa adhabu hiyo. "Nilikuwa nimelala?" akaniuliza.

"Hukulala, mama. Ulikuwa macho."

Hapo, mahali betri iliponiishia, picha ikaruka, na chumba kikajaa wanaume. Tulikuwa Malindi, katikati ya kasida, matari yanapigwa, kanzu nyeupe zimebanana, sinia la halua linapita. Bwana harusi anajifuta jasho. Mama alijiinamia kwenye televisheni na mimi nikadhani anatafuta uso, nikataka kumwambia haumo, umekwenda, nilikwisha kupiga ngazi juu yake. Lakini yeye alikuwa amefumba macho. Akaweka kiganja kwenye spika. Ndipo nami nikamsikia. Alikuwapo nyuma ya picha, mahali pale pale alipokuwapo kwenye kanda zake zote, akihema kwa pua, akiguna mtu anapompita mbele. "Sogeeni kidogo, mashekhe, nami nipate kula mkate wangu." Wanaume wakacheka. Nilimtafuta siku tatu mbele ya kamera, mahali ambapo baba hakukaa isipokuwa kwa kukonyeza mara moja mwanzoni. Mahali pake palikuwa huku nyuma, karibu na sikio.

Tulimsikiliza hadi mwisho. Wale wa kwenye filamu hupiga kelele, kamera huanguka, picha huchanika. Yeye alihema mara mbili kwa shida, akasema, "Hebu nikae kidogo," akaizima mwenyewe, vizuri, asije akamaliza betri ya watu. Hakuna kilichomvamia. Alichoka akakaa. Nimewaza sana tangu siku ile kwamba ningeambiwa tu hivyo, na mtu yeyote, sakafuni au ngazini, yote yale yasingetokea. Watu wa Malindi walipelekewa kanda yao, mama alikata zile ngazi na vyumba akavibakisha kwetu, akawaandikia kuwaomba radhi kwamba mwanzo wa harusi yao haupo. Lakini hilo lilikuwa baadaye.

Siku ile, televisheni ilipobaki buluu, nilidhani amemaliza. Akairudisha kanda nyuma. Alipita kasida kinyumenyume, halua kinyumenyume, hadi pazia likasogea na mgongo mweupe ukatokea, akaiachia iende.

"Mama," niliita kwenye televisheni.

"Labeka," mama akaijibu. Mtoto ndiye humwitikia mkubwa hivyo. Mkubwa hamwitikii mtoto. Sauti yake ilikuwa imekauka kwa kutotumiwa.

"Mama."

"Labeka, mwanangu."

"Mama?"

"Labeka."

Mara ya nne aliipa televisheni mgongo, akanitazama mimi niliyesimama mlangoni na pazia mkononi, akaniitikia.